Wimbo wa Zamu ya Asubuhi

Mgeni rasmi, Mkurugenzi wa Majengo. Mama Mkuu wa Shule. Walimu wetu wavumilivu. Na bibi zetu wa safu ya mbele: shikamooni.

KARIBU

Tunakukaribisha kwa mikono miwili. Mikono hiyo ilikuwa ikipiga deki ukumbi huu mpaka ulipoingia, hivyo tunakusihi utembee polepole.

HISTORIA

Kabla ya kuwa shule, hapa palikuwa kiwanda cha nguo. Nyuma ya jiko kimebaki chumba chenye makopo ya filamu, zilizopigwa na fundi mmoja aliyependa kamera kuliko chakula. Picha zinatembea, sauti hamna. Sisi tuliingia humo mara ya kwanza tukikwepa kufyeka nyasi. Mungu huwatumia hata wavivu.

MAFANIKIO

Katika kopo moja tuliwaona wanawake wa zamu ya asubuhi wakiimba langoni. Wimbo gani? Hakuna aliyekumbuka. Tukawaalika bibi zetu hawa, waliofanya kazi hapa, waje kuisoma midomo yao wenyewe. Walikodoa macho wee, wasiambulie hata neno. Mmoja akachoka: "Wajukuu, mbona naingia kazini kinyumenyume? Mmenifanya mchawi?"

Fundi mitambo wetu, tunayemwita Nungunungu, alikuwa ameiweka filamu mwisho mbele. Alipoigeuza, bibi yule alisimama, akapiga kofi moja, na wenzake wakaudaka wimbo kutoka midomoni mwa ujana wao. Ukumbi ukatetemeka! Tumeurekodi, tumeutia kwenye filamu tunayoihariri kutoka makopo hayo, na sasa hata kidato cha kwanza wanauimba wakifua soksi.

CHANGAMOTO

Paa linavuja. Panya nao wamejipa kazi ya uhariri, wanakata tusipopanga kukata. Lakini changamoto kubwa, mgeni rasmi, umekuja nayo mkobani: mchoro wa maegesho ya magari, unaopita juu ya chumba chetu.

MAOMBI

Hatuombi pesa, ingawa kuomba tunajua. Tunaomba, kabla hujatia saini, umtazame anayeongoza wimbo, mwenye kitambaa cheupe na mtoto mgongoni. "Huyo ni mama yake Mkurugenzi," bibi walituambia, "na kwa sauti hakuwa na mpinzani." Tumesikia huna hata picha yake moja. Mtoto anayelia mgongoni, kwa heshima zote, ni wewe.

Magari tunayapa uwanja wetu wa mpira. Wachezaji wamelia, lakini wamekubali.

Mola akujalie umri mrefu kuliko paa letu, na leso kubwa kwa dakika chache zijazo. Bibi zetu, simameni. Nungunungu, zima taa.

Ni sisi watoto wako,
Klabu ya Filamu ya Nyuma ya Jiko.