Kura Tisa za Ranganna

Kijiwe chetu ni benchi mbili za mawe mbele ya mkahawa wa Subbanna, ng'ambo ya stendi ya basi ya Hosakere, na serikali ya jimbo letu la Karnataka, huku kusini mwa India, huundwa na kuvunjwa hapo kila asubuhi kabla ya saa nne. Wa kudumu ni watatu. Kuna Kondakta, aliyestaafu mabasi lakini bado huamuru watu wasogee. Kuna Posta, aliyesambaza barua miaka thelathini na kuzisoma baadhi. Na mimi, Fundi, niliyemshonea Ranganna shati jeupe la kuapishiwa uwaziri. Ranganna alitokea kwenye benchi hizi. Alichaguliwa bunge la jimbo kule Bengaluru mara tatu, akawa waziri wa maji, na bado alikuwa akishuka kwenye gari la king'ora, anaagiza kahawa moja kwa vikombe viwili, nusu anampa aliyekaa jirani yake. Uchaguzi wa nne akaanguka, akahamia Bengaluru moja kwa moja. Mimi namkumbuka mno, na juzi tulikuwa tunamkumbuka kama kawaida yetu.

Kondakta: Sogea, Posta. Benchi ya watu wanne umeikalia kama umeirithi.

Posta: Hapa nilipo ndipo alipokuwa akikaa Ranganna. Nusu ya kahawa yake nimeinywa mara sita.

Kondakta: Sita tu? Mimi niliacha kuhesabu.

Mimi: Nyie mmekunywa kahawa. Mimi nimempima kifua. Bega lake la kushoto lilikuwa limeshuka, kwa kubeba magunia ya mbolea ujanani. Nikamwekea kitambaa cha ziada ndani ya shati. Hakuna mpiga picha aliyegundua.

Posta: Na hii ni mara ya mia unatuambia.

Mimi: Basi nyamaza nifikishe mia na moja.

Subbanna alicheka huko kwenye jiko lake, akimimina kahawa kutoka juu mpaka ikatoa povu.

Posta: Lakini siku ile maji yake ya bomba yalipofika, jamani. Mke wangu alijaza ndoo, akajaza masufuria, akaja akachukua kikombe changu cha kunyolea.

Kondakta: Yalitoka mekundu siku tatu.

Posta: Tukayanywa hivyo hivyo, tukasema matamu.

Mama zetu walikuwa wakienda kisimani kilomita tatu, na kila mmoja alikuwa na wake wa kumkumbuka.

Kondakta: Mtu kama yule anaangukaje?

Posta: Ndimu. Alipewa gari jipya, dereva akaondoka bila kupasua ndimu ya kuondoa husuda chini ya tairi. Nilikuwepo.

Kondakta: Ndimu gani wewe. Alikwenda kufungua shule Kalluru. Waziri akikanyaga Kalluru, mwaka hauishi hana kiti. Hata watoto wanajua.

Posta: Mbona wa Kalluru wenyewe wanaikanyaga kila siku?

Kondakta: Kwani wao mawaziri?

Mimi: Mlango wa ofisi ndio uliomponza. Alikubali wauhamishie upande wa kusini. Kusini hutoka maiti, haingii heshima.

Kondakta: Sasa nisikilizeni. Ilikuwa satelaiti. Ukibonyeza ngazi kwenye mashine ya kura, ile alama yake, kule juu inageuzwa mwavuli. Ndivyo yule wa mwavuli alivyopita.

Subbanna: Satelaiti hiyo hiyo inayokatika mvua ikinyesha? Siku ya kura ilinyesha kutwa.

Kondakta: Ndiyo hapo ujue ilikuwa na kazi nyingine.

Posta: Mimi sina deni naye. Ukoo wangu mzima tulimpa ngazi, watu kumi na wanne.

Kondakta: Na nyumba yangu sita.

Mimi: Kwangu watatu.

Nilisema bila kumeza mate. Miaka kumi na moja nimeyasema maneno hayo, yameshazoea njia.

Basi la Bengaluru likaingia stendi. Akashuka mwanamke wa makamo, sari ya pamba, akavuka barabara moja kwa moja hadi kwetu. Akamwagiza Subbanna kahawa moja, vikombe viwili. Kondakta akasogea mwenyewe bila kuambiwa.

Mwanamke: Shikamooni, wazee wangu. Mimi Sunanda, binti wa Ranganna.

Posta: Marahaba, mwanetu. Ndiyo tulikuwa tunamtaja hapa. Hajambo mzee?

Sunanda: Hajambo kidogo tu. Yuko kitandani tangu mvua zianze, na madaktari wamesema tukae naye tu. Amenituma kwenu. Nyinyi mnapigia kura pale shuleni, chumba cha pili?

Kondakta: Mtaa mzima, mwanangu.

Sunanda: Uchaguzi ule wa mwisho chumba hicho kilimpa kura tisa. Karatasi ya matokeo anayo mpaka leo, chini ya mto. Wengine hana kinyongo nao, ameniambia niseme hivyo. Anachotaka nimpate mmoja wa wale tisa, ninywe naye nusu hii kwa niaba yake, nimpelekee jina lake. Ni nani kati yenu?

Akakisogeza kikombe cha pili katikati ya benchi.

Posta akaanza kujifunga shali upya. Kondakta akatazama basi kana kwamba limechelewa. Subbanna akageukia jiko. Mimi nilimwomba Ranganna amtie mwanangu ofisi ya maji, akanijibu kijana afanye mtihani kama wenzake. Mwanangu akafeli. Siku ya kura nilibonyeza mwavuli, tena kwa nguvu. Kusema "ni mimi" kungekuwa neno dogo tu, na mgonjwa angelala vizuri. Mkono wangu ulikwenda hadi karibu na kikombe, nikashindwa. Niliona aibu ambayo sijapata kuiona.

Sunanda alisubiri mpaka kahawa ikafanya utando juu. Dereva wa basi, tayari kurudi Bengaluru, akapiga honi. Akanywa nusu yake, akajifuta mdomo, akasimama.

Sunanda: Nitamwambia sikuwakuta.

Akapanda, basi likaondoka. Subbanna akaja kukusanya vikombe, akachukua vyetu vyote, na kile cha pili akakiacha pale.