Kistari Kwenye Safu ya Huduma za Nyumbani

(Risala ya wahudumu wa hospisi kwa Mkurugenzi wa Takwimu za Afya. Msomaji: Mama Kikapu.)

Mgeni rasmi, Mheshimiwa Mkurugenzi. Daktari wetu mfawidhi. Ndugu mnaouguza na ndugu mliofiwa:

Karibu sana. Utuwie radhi kwa kiti chako kinachoyumba, ndicho kizuri kuliko vyote. Anayekusomea ni mhudumu wetu mkongwe, Mama Kikapu. Alikataa katakata kutajwa humu. "Mimi si habari," alisema. Tukampigia kura, akashindwa, kwa hiyo leo anasoma mambo yake mwenyewe kama ya mtu baki. Na asiruke aya hata moja. Tunamjua.

TULIKOTOKA

Hospisi hii ni ya watu walioambiwa na hospitali warudi nyumbani kwa sababu hakuna tena la kufanya. Vitanda vyetu ni vichache, hivyo wengi tunawafuata huko huko waliko. Tunawasafisha, tunawageuza wasipate vidonda, tunawapa mofini ya maji ya kutuliza maumivu.

Hatuvai sare. Hilo tulilitaka wenyewe. Mwenye nyumba akijua mpangaji wake anakufa, ataanza kutafuta sababu ya kumtoa. Kwa hiyo tunakwenda na nguo za kawaida na vikapu vya sokoni, dawa chini, mboga juu. Majirani wanatuita shangazi, dada, wifi. Mama Kikapu ndiye aliyetufundisha mtindo huu, na hakuna anayemfikia. Kuna mtaa mmoja anaitwa wifi katika nyumba zisizojuana kabisa, mpaka watu wakaanza kuuliza huyo kaka yake ana wake wangapi.

TUNALOJIVUNIA

Mheshimiwa, watu wetu walikuwa wanakufa wamelala. Hatuna fahari nyingine. Mtu anakufa kitandani kwake, ameshikwa mkono, hapigi kelele.

Mmoja wa wagonjwa wa Mama Kikapu ni fundi cherehani. Saratani imemla mgongo, lakini kila asubuhi, dawa ikishamkolea, alikuwa anakaa kwenye mashine yake na kushona. Wateja hawakujua. "Nani atavaa suruali iliyoshonwa na maiti?" alimwuliza Mama Kikapu. Akamjibu, "Wewe shona, maiti wangu, pindo limekwenda upande." Basi wakacheka wote wawili.

KOSA LETU

Makarani wako walipopita nyumba kwa nyumba kuuliza nani anatumia hospitali, nani hospisi, nani anahudumiwa nyumbani, walifika pia kwa fundi. Mama Kikapu alikuwa ndani, anakoroga uji.

"Mzee, humu kuna mtu anayehudumiwa nyumbani na wahudumu wa afya?"

"Hapa mgonjwa labda wewe, maana naona unakohoa," alisema fundi, futi ya kupimia shingoni.

"Na huyu mama?"

"Dada yangu. Amekuja kunipikia."

Mama Kikapu akamletea karani maji ya kunywa, akamwambia pole kwa jua. Karani alipoondoka, fundi na Mama Kikapu walijipongeza. Ndivyo ilivyokuwa kwa wagonjwa wetu wote, mtaa mzima, kwa sababu ndivyo tulivyowafundisha. Hakuna aliyetutuma. Tulijificha vizuri mno, Mheshimiwa, na tunajuta.

HALI ILIVYO

Ripoti yako ya taifa ilipotoka, kwenye safu ya huduma za nyumbani eneo letu lilikuwa na kistari tu, yaani hakuna hata mmoja anayehudumiwa. Na mofini hugawiwa kwa kufuata ripoti. Palipo na kistari, chupa ni chache.

Sasa ndugu wanashindwa kuvumilia vilio, wanawabeba wagonjwa mbio hospitalini. Huko wanalazwa sakafuni kwenye ujia, na huko ndiko wanakofia, huku wageni wa wagonjwa wengine wakiwaruka. Safu ya hospitali imenenepa. Tumesikia redioni kwamba wananchi wanazidi kuipenda hospitali. Hapana, Mheshimiwa. Wanakwenda kulia huko.

Tuliobaki nao tunawachagulia nani apate dawa na nani akose. Juzi Mama Kikapu alikuwa na dawa ya mtu mmoja na wagonjwa wawili. Wa pili ni mwalimu wa chekechea, mwanamke mdogo tu, anayeuma shuka ili watoto wa jirani, wanafunzi wake, wasimsikie. Fundi akasema, "Nenda kwa mwalimu. Mimi sindano zimenichoma maisha yangu yote." Mama Kikapu akaenda. Aliporudi alimkuta fundi chini ya mashine, amejikunja, analia kama mtoto, anaita mama yake. Alikaa naye pale sakafuni bila kitu cha kumpa. Tangu siku hiyo Mama Kikapu hali chakula kikaeleweka. Soma tu, Mama, tuko nyuma yako.

MAOMBI

Tunaomba makarani warudi. Safari hii tutawafungulia milango sisi wenyewe, wagonjwa wameshakubali, fundi wa kwanza. Tunaomba kistari kifutwe. Tunaomba dawa isisubiri ripoti ijayo, kwa sababu wagonjwa wetu hawataifikia.

Ombi la mwisho ni la leo hii. Chupa iliyobaki imo kikapuni mwa msomaji, hapo miguuni pake. Ni ya mtu mmoja. Tukiigawa haimtulizi yeyote. Akitoka hapa getini, kwa fundi ni kushoto na kwa mwalimu ni kulia. Jana tulikaa wote, tukashindwa kuamua, na yeye amesema hachagui tena. Wewe ndiye mwenye hesabu za nchi nzima. Tunaomba, kabla ya picha ya pamoja, umwambie aende wapi.

Mungu akupe afya, wewe na wa nyumbani kwako, na siku mtakapoumwa msikose wa kuwabishia hodi.

Ni sisi,
Wahudumu wa Majumbani wa Hospisi.