Nyama Nyekundu kwenye Meza ya Bi Mal-sun

Wasikilizaji wapendwa, sogezeni viti karibu na redio. Mwenye chungu jikoni apunguze moto, kisije kikaungua halafu nikalaumiwa mimi. Leo tunamkumbuka Bi Ok Mal-sun wa mtaa wa Bosan, hapa hapa mjini kwetu Dongducheon. Bi Mal-sun, mpishi wa mbavu za ng'ombe. Mdomo mkali, mkono mtamu.

Mwanawe Gil-su alipooa Kaneng, binti wa mji wa Jos kule Nigeria, mama alimtazama mkwe wake juu hadi chini. "Haya, amefika," akasema, akarudi kukosha kabichi. Jikoni hakumwachia hata mwiko. Na mke asiyeshika mwiko kwa mamamkwe ni mgeni tu, wasikilizaji. Kaneng alichoka kuwa mgeni.

Ikafika siku ya kumkumbuka marehemu mume wa Bi Mal-sun. Meza ikaandaliwa ili roho yake ije ile: wali, samaki, matunda, na vijiti vya kulia, vya kuweka juu ya kile marehemu alichokipenda. Kaneng akaona leo ndiyo leo. Akachoma nyama ya kwao, yenye unga wa karanga, tangawizi na pilipili. Nyekundu! Akaitua katikati ya meza, anatabasamu.

Lo! Pilipili kwenye meza ya marehemu! Si inafukuza roho? Baba mdogo Chang-rok, mdogo wake marehemu, aliruka: "Toa hiyo! Unamfukuza kaka yangu mlangoni!"

Kaneng alikimbilia jikoni na sahani yake, analia. Yaliyofuata alinisimulia mwenyewe.

"Mama akanifuata, akafunga mlango. Nikajua basi, leo narudishwa kwetu. Akachukua kipande, akatafuna. Akachukua kingine. Akaniambia, 'Wewe, mume wangu umeshamfukuza, hilo limekwisha. Lakini mbona nyama ngumu hivi? Umechoma kiatu?' Akatoa tunda la peasi kapuni, akanipa kisu. 'Menya.'"

Hivyo ndivyo mbavu zile zilivyoanza, wasikilizaji. Zinalazwa kwenye maji ya peasi, sosi ya soya na kitunguu saumu, zilainike. Hapo ni Mal-sun. Zinapakwa unga wa karanga na pilipili. Hapo ni Kaneng. Kisha makaani. Jamani! Mimi jirani yao nilikuwa naishiwa chumvi kila jioni, lazima nikaazime.

Na kelele zao!

"Mama, sosi imezidi, tunapika au tunaogelea?"

"Nyamaza, pilipili yako imenitoboa ulimi!"

"Basi acha kula."

"Nani kasema naacha? Lete hapa!"

Bi Mal-sun alipougua, alimwita Kaneng kitandani. Akamwambia, "Kwenye meza yangu weka nyama yetu. Nyekundu vilevile."

"Mama, si itakufukuza?"

"Mimi? Nimeila miaka yote hii, inifukuze leo? Usipoiweka, siji."

Bi Mal-sun alitutoka mwaka jana. Jana ilikuwa meza yake ya kwanza, nami nilikuwepo. Kaneng alileta sahani akitembea pole pole, maana baba mdogo Chang-rok alikuwa amekaa pale pale, uso umekunjamana. Akaiona ile nyama.

Mzee akainuka. Akachukua vijiti vya marehemu, kwa kuwa yeye ndiye mkubwa wa ukoo sasa. Akavipitisha juu ya samaki. Akavipitisha juu ya wali. Akaviweka juu ya nyama nyekundu.

"Shemeji," akasema, "karibu ule. Binti yako amepika."

Nililia, sifichi. Kisha nikala, na hilo pia sifichi.

Gil-su, Kaneng, baba mdogo Chang-rok, poleni sana. Sisi sote wa Bosan tumefiwa pamoja nanyi. Nanyi wasikilizaji wapendwa, tazameni leo mlangoni mwa jikoni zenu. Kama kuna mtu amesimama hapo, hajui aingie au arudi, usimuulize kwao wanapika nini. Mpe mwiko.