Manase Mlowe, Aliyesimama Mbele ya Taa ya Sinema

Ndugu mliopanda mlima huu kuja kutushika mkono, marehemu Manase Mlowe alizaliwa Mdandu tarehe 4 Machi 1919, mtoto wa tatu wa mzee Nahumu, akasoma shule ya misheni hadi darasa la sita, mtoto mwenye mdomo, akisimulia jambo hata mbuzi wanasahau kula.

Mwaka 1947 aliajiriwa na serikali kwenye gari la sinema lililozunguka vijijini, kazi yake kushika kipaza sauti na kuwaeleza watu picha, na ngumi zilipopigwa kwenye shuka jeupe yeye ndiye aliyezikoleza, "Mpige huyo! Mwongezee!", vijana wakaruka. Tarehe 12 Novemba 1949 alifunga ndoa na Ema wa Kifanya, wakajaliwa Enoki na Getruda.

Alipoona vijana wa Makambako, kila gari likiondoka, wanachonga mapanga ya mianzi na kuumizana kweli, moyo ulimsuta, akaomba afundishwe kamera ili atengeneze picha ya kuwaonya wazazi. Tarehe 9 Juni 1956 aliwakusanya vijana hao wapigane mbele ya kamera yake, na pigo lilipokuwa legelege akawaambia, "Rudieni, wanangu, tieni nguvu kidogo," wakarudia, na Sila, mwana wa mama Dorika, akatobolewa jicho.

Aliomba kipande kile kikatwe, wakubwa wake wakasema ndicho kitakachofundisha, picha ikaonyeshwa sokoni Njombe, vijana wakashangilia, na mama Dorika, aliyekuja kuuza viazi, akaona jicho la mwanawe likitoboka. Manase alipokwenda na wazee wa kanisa kumwomba radhi, alijibiwa, "Baba Enoki, nikusamehe la lini? Mwanangu anatobolewa kila gari linaposimama."

Basi akaacha kazi, akawa analifuata gari kwa miguu, na kipande kile kikifika anasimama mbele ya taa ili kivuli chake kimfunike Sila, watu wakimrushia magunzi, "Toa kichwa chako, mlevi wewe!", na ndugu zake wakaona haya, wakasema ni pombe ya ulanzi hiyo, hata Ema akiulizwa alijibu kwamba mtu yule hamjui.

Baridi ya Julai ilimwingia huko Makambako, ikawa homa ya mapafu, akalazwa Njombe, akafariki tarehe 2 Agosti 1959, baada ya kumuuliza Ema kama gari limeshapita.

Familia inawashukuru waganga na wauguzi, majirani walioleta kuni na unga, na wenzake wa kazini waliomleta nyumbani kwa gari lile lile. Inamshukuru mama Dorika, aliyefika jana na Sila, akaketi jikoni akimenya viazi pamoja na wanawake, msamaha hakuutaja, wala hakuna aliyethubutu kumwomba. Picha itaonyeshwa tena Makambako Jumamosi, na Ema amesema atakwenda, na kwa kuwa yeye ni mfupi, atapanda juu ya sanduku mbele ya taa.

Manase, Bwana akupumzishe kwa amani.