Mto Nyuma ya Bibi Harusi

Marehemu mama yetu alizaliwa tarehe 14 Machi 1955, mtoto wa tatu kati ya sita wa fundi bomba na mshonaji. Alimaliza sekondari mwaka 1973, akiwa na cheti cha wastani na ulimi usio wa wastani hata kidogo.

Mwaka 1976 aliajiriwa kwenye studio ya picha, kufuta vumbi na kupokea wateja. Miaka minane baadaye alinunua kamera yake ya video, akaanza kurekodi harusi. Maharusi wote walitaka kusimama darajani, penye ngazi za mawe zinazoshuka mtoni. Naye, tuseme ukweli, macho yake yalikuwa kwenye maji. Kanda zilitoka mto mzima, bwana harusi nusu. Wateja wakambandika jina la Nusu Kichwa, lakini hawakuacha kumwita, maana aliwachekesha hadi wakasahau kwamba viatu vinabana.

Baba yetu, seremala, alikuwa msimamizi kwenye mojawapo ya harusi hizo. Siku moja alitinga studio amenuna.

"Dada, mbona mimi simo kwenye kanda hii?"

"Umo, kaka. Huuoni ule mkono wa kushoto?"

Walifunga ndoa tarehe 8 Agosti 1987. Mama alitega kamera mwenyewe, kisha akakimbia kusimama kando ya mumewe. Kanda hiyo tunayo. Mto umetoka vizuri sana.

Ilipofika mwaka 2009, baada ya miaka ya joto kali na mvua za kubahatisha, halmashauri ilitaka kukata msitu wa chemchemi ya mto huo ili ijenge maghala. Mama alipinga, akaambiwa mto haujapungua, ni macho yake tu yamezeeka. Hilo lilimkera kweli kweli. Alishusha kanda zote kabatini, akazipanga mwaka kwa mwaka. Mwaka 1984 ngazi tatu tu zilikuwa nje ya maji. Sasa zilikuwa kumi na moja, na chini yake tope. Akazunguka nyumba kwa nyumba kuomba ruhusa ya maharusi wake. Mmoja alimjibu, "Sisi tuliachana zamani, lakini mto uonyeshe tu."

Filamu aliyoiunga kutoka kanda hizo ilionyeshwa kwenye ukumbi wa halmashauri. Mwenyekiti alijiona kijana siku ya harusi yake, maji yanang'aa nyuma yake.

"Jamani, mimi yule!"

Ukumbi ukaangua kicheko. Kisha ikaja harusi ya bintiye, mahali palepale, nyuma yake mawe makavu. Mpango wa maghala ukafutwa. Msitu haukuguswa, na mwaka uliofuata tulipanda miti huko, mama akiturekodi, vichwa vikikatika kama kawaida.

Mapafu yalianza kumsumbua mwaka 2023. Aliposhindwa kutoka kitandani, kila Jumamosi aliwatuma wajukuu darajani na kamera.

"Ngazi ngapi ziko nje?"

"Saba, bibi."

"Mmehesabu au mmekisia?"

Akawarudisha wakahesabu upya. Alifariki nyumbani siku ya Ijumaa, tarehe 6 Juni 2025, saa nne asubuhi, akiwa ametuachia agizo moja: "Atakayelia na alie, ila asinizibie mto."

Ameacha mume, watoto watatu, wajukuu saba, na maharusi wengi wasio na vichwa. Tunaumia, na nyumba imekuwa kimya mno. Mpiga video wa mazishi ya leo, hapa kando ya mto, tumeshamwelekeza pa kusimama. Mama apumzike kwa amani, tena bila wasiwasi: asubuhi hii wajukuu wamehesabu mara mbili, na ngazi zilizo nje ni sita.