Malkia Niliyemgusa Nikakana

Ndugu zangu, amani iwe kwenu. Jumapili iliyopita mwenzetu mmoja alisimama hapa akaeleza alivyoacha pombe, tukampigia makofi. Mimi nilikuwa pale nyuma najisemea: heri yeye, ugonjwa wake ulinuka, watu wakaujua wakamsaidia. Wangu haunuki. Nilikuwa mgonjwa wa wivu, na bado nilifundisha, niliimba kwaya na kuwasalimia nyote vizuri tu.

Mnanijua kama mwalimu wa hesabu hapa Ilemela. Wachache wanajua kwamba kila Jumamosi mchana nafundisha klabuni sataranji, mchezo ambao vijana wanauita chesi. Msiogope, sitawapeleka darasani. Ubao ni kama ule wa drafti, ila kete hazifanani: kuna mfalme, malkia, farasi, askari, na kila mmoja ana mwendo wake. Ukimbana mfalme wa mwenzako akakosa pa kukimbilia, umeshinda. Basi, nusu mmeshaijua.

Nina daftari la jalada gumu ambalo nimeandika humo, kwa mkono wangu, habari za magrandmasta. Grandmasta ni cheo cha juu kabisa cha mchezo huu. Ukishakipata, unacho mpaka kufa. Yupo humo aliyekipata akiwa bado mtoto wa shule. Yupo aliyekuwa wa kwanza katika nchi yake, na baada yake wakatoka wengine kama kumbikumbi baada ya mvua. Yupo mwanamke aliyekaa meza moja na wanaume wanaoogopwa duniani, akawashinda. Nikiwasoma hao, moyo wangu unajaa furaha. Hakuna hata mmoja niliyewahi kumwonea wivu.

Ila nilikuwa na mwanafunzi, jina lake naliacha. Nilimfundisha akiwa kidato cha pili; sasa ni mtu mzima, fundi cherehani kule Buzuruga, jirani na stendi. Alikuwa akikanyaga cherehani huku ubao mdogo uko pembeni, anawaza. Mwaka wa kwanza nilimfunga nitakavyo. Mwaka wa tano tukawa sawa. Baadaye watu wakaanza kunisimamisha njiani: "Hongera Mwalimu, yule binti yako ni moto!" Najibu, "Tunamshukuru Mungu," kisha naongeza mwendo.

Akishinda, nilisema mpinzani wake alikuwa dhaifu. Akishindwa, ndugu zangu, nawaambia kweli, siku hiyo chai ilikuwa tamu hata bila sukari. Mama pale mbele unacheka; cheka tu, lakini ndivyo ilivyokuwa. Akanishonea shati bila mimi kumwomba. Nikalijaribu, nikamwambia mabega yanabana. Hayakubana.

Sasa sikilizeni. Klabu yetu ilipewa nafasi moja ya kwenda kwenye mashindano Bukoba. Tukachujana, tukabaki wawili: yeye na mimi. Kwa umri wangu huu, niliona hiyo ndiyo nafasi yangu ya mwisho, na sikutaka aichukue yeye hasa.

Hapa lazima niwaeleze sheria moja. Katika sataranji, ukigusa kete yako kwa nia ya kucheza, sharti uicheze hiyo hiyo, hata kama umegundua kosa. Basi katikati ya mchezo mkono wangu ukamshika malkia. Nilipomshika tu nikaona: malkia huyu ndiye aliyemkinga mfalme wangu. Akitoka, nimekwisha. Nikamwachia haraka, nikasogeza askari.

Binti akaniangalia. Akasema polepole, "Mwalimu, umemgusa malkia."

"Sijagusa," nikasema.

Mwamuzi alikuwa mlangoni anaongea na watu. Ilitosha binti anyooshe mkono amwite. Hakumwita. Akainamisha kichwa, akasema, "Basi labda nimeona vibaya." Baada ya hapo alicheza kama mtu aliyeishiwa nguvu, nikamshinda. Nikapigiwa makofi.

Nyumbani mke wangu akapika samaki sato, akanitazama. "Wewe mwanaume, umeshinda, mbona unakula kama uliyefiwa?" Nikasema nimechoka. Akasema, "Uchovu gani huo unaokukataza hata kujisifu? Wewe?"

Jumamosi iliyofuata, binti akaja klabuni kama kawaida. "Shikamoo Mwalimu." Nikaitikia marahaba bila kumtazama. Nikafungua daftari nianze somo, na ukurasa uliofunguka ulikuwa wa bingwa mmoja wa dunia aliyevuliwa taji na kijana. Nilikuwa nimeandika kwamba alipoona hana njia, hakungoja kubanwa. Alimlaza mfalme wake ubaoni, ndiyo ishara ya kukubali kushindwa, akanyoosha mkono kumpongeza mwenzake. Nikasoma kwa sauti mpaka hapo kwenye mkono. Nikafunga daftari.

Nikamgeukia mbele ya wote. "Binti, siku ile nilimgusa malkia?"

"Mwalimu, yale yameisha."

"Nimekuuliza."

"Ulimgusa."

"Mbona hukumwita mwamuzi?"

Akasema, "Ningemwambia nini, Mwalimu? Kwamba aliyenifundisha kushika kete ni mwongo?"

Kisha mwanachama wetu mmoja, dereva wa bodaboda, akasema, "Duh! Kumbe hata Mwalimu anachakachua!" Wakacheka, na mimi nikacheka huku machozi yananitoka. Papo hapo nikampigia simu mwamuzi, nikamweleza yote, nikaiachia ile nafasi.

Binti akapanda meli kwenda Bukoba, akarudi wa tatu. Je, nimepona kabisa? Nisiwadanganye. Tulipompokea bandarini kitu kilinichoma hapa kifuani. Tofauti ni kwamba sasa nakijua, na kikija namwambia mke wangu, naye hunicheka mpaka kinaondoka.

Namshukuru Mungu. Namshukuru mke wangu, aliyejua kabla sijasema. Nawashukuru wanaklabu, walionicheka lakini hawakunifukuza. Namshukuru yule dereva kwa lile neno, maana bila kicheko chake sijui ningesimamaje. Na wewe mwenye wivu uliyekaa kimya hapo, sikukemei, nimekaa benchi hilo hilo miaka mingi. Nakwambia tu: ukishagusa, sema umegusa. Ukisema mapema, aibu yake ni ya mchana mmoja.

Shati lile ndilo hili nililovaa. Na katika daftari langu la magrandmasta, baada ya wale wote wakubwa wa dunia, nimefungua ukurasa mpya nikaandika jina la fundi cherehani wa Buzuruga. Cheo bado hana. Mstari wa kwanza unasema: alimshinda mwalimu wake. Nilipomwonyesha alisoma, akanirudishia daftari akasema, "Mwalimu, mchezo ule hatukuumaliza kwa haki." Nikamjibu, "Mimi nimeumaliza," nikamnyooshea mkono.