Niliizima Injini Mteremkoni

Wazee wangu, shikamooni. Ninyi wengine, nawasalimu kwa upendo. Mnanifahamu: ni dereva wa mchomoko, haya magari madogo ya abiria yanayokwenda Geita. Leo naomba nivumiliwe niseme jambo ambalo nimelibeba muda mrefu.

Gari si langu. Ni la shemeji yangu, kaka wa mke wangu, hapa hapa Kharumwa. Alinipa nikiwa sina kazi, baada ya shimo la dhahabu tulilokuwa tunachimba Rwamgasa kujaa maji. Mwanzo tulielewana. Kisha gari likaanza kunywa mafuta. Safari zile zile, mzigo ule ule, lakini tangi linakauka kabla sijarudi nyumbani. Shemeji akaniuliza, nikasema sijui. Akauliza tena. Mara ya tatu hakuuliza. Alisema mbele ya mama mkwe wangu, "Huyu ananyonya mafuta, anawauzia wenye bodaboda."

Ndugu zangu, sikuwa nimeuza hata kikombe. Lakini ningethibitishaje? Nikirudisha funguo, nimekiri wizi. Nikiendelea kuendesha, kila jioni tangi linanisuta. Nikaacha kwenda ukweni. Siku moja mke wangu alikuwa anafua shati langu lililonuka petroli. Akasema, "Baba Kulwa, kama unauza, niambie mimi." Nilimwambia siuzi. Akaendelea kufua bila kuniangalia.

Ndipo nikaanza ujinga. Kila mteremko nazima injini ili kuokoa mafuta, naliacha gari lijiendee, nikifika chini nawasha. Nilijiona mjanja.

Asubuhi moja nina abiria wanne, katikati ya mteremko ng'ombe wakaingia barabarani. Nikakanyaga breki, ikashika kidogo. Nikakanyaga tena, ikawa ngumu kama jiwe, maana injini ikiwa imezimwa breki inakosa nguvu. Usukani nao mzito. Nikauvuta kwa mikono yote miwili, tukatumbukia kwenye majaruba ya mpunga. Hakufa mtu. Ila mama mmoja mjane alivunjika mkono. Alikaa kwenye tope ameushikilia, akaniuliza taratibu, "Ng'wanawane, mwanangu, mbona gari lilinyamaza?"

Nikamwambia limezima lenyewe. Shemeji nikamwambia vivyo hivyo. Sasa nilikuwa nimebanwa pande mbili: kwa kosa nisilolifanya, na kwa hili nililolifanya.

Gari likapelekwa Geita kwa fundi mmoja, mwanamke asiyependa maneno mengi. Siku ya tatu akaniita pembeni. "Injini hii haina sababu ya kuzima. Uliizima wewe?"

Wapendwa, nilitaka kukataa. Nikajikuta nimechoka. Nikasema, "Ndiyo," nikamweleza yote, mpaka habari ya mafuta. Akauliza mshale wa joto huwa unakaa wapi. Nikamjibu kwa kujisifu kwamba hauinuki, gari langu halichemshi kamwe.

"Nani alitoa themostati?"

Ni mimi. Gari liliwahi kuchemsha, nikamwomba fundi wa barabarani akitoe kile kifaa kinachozuia maji mpaka injini ipate joto.

"Basi hii yako haipati joto," akasema. "Ikikaa baridi inajimiminia mafuta siku nzima."

Nilikwenda kwanza kwa yule mama, nikamwambia niliizima mwenyewe. Alilia. Nilikaa pale mpaka aliponiambia niondoke. Kisha nikaenda kwa shemeji. Naye nikamweleza yote. Themostati mpya ilipofungwa alikaa kiti cha mbele, tukaenda Geita na kurudi mara mbili, macho yake kwenye mshale wa mafuta. Tulipoingia Kharumwa mara ya pili akasema, "Pitia kwa mama. Nilikuita mwizi mbele yake, nikakusafishe mbele yake."

Namshukuru fundi aliyeniuliza bila kunitukana. Namshukuru mke wangu, hakuondoka. Namshukuru yule mama, ambaye mkono wake haujanyooka sawasawa hadi leo. Aliniambia, "Nimekusamehe, lakini kawaambie wenzako."

Basi madereva mliomo humu, mteremkoni injini iwake. Gari likila mafuta kupita kawaida, lipelekeni likapimwe mapema. Na ukishukiwa jambo, lisimamie hadharani, litafutiwe chanzo. Mimi nilijificha, na mtu mwingine akavunjika mkono.